Sanaa ya Amani Masisi na Walikale: Imebadilisha Nini?

Masisi, mashariki mwa Kongo, imechezewa michezo ya amani kwa zaidi ya miaka ishirini. Vikundi vya maigizo vimepanda na kushuka barabara ya Sake, redio zimerusha tamthilia za majirani wanaogombana na kupatana, na kule Goma tamasha la muziki lenye jina la Amani, lililoanza Februari 2014, limekusanya makumi ya maelfu ya vijana. Kisha mwanzoni mwa Januari 2025 Masisi-kati ikaanguka mikononi mwa waasi wa M23. Kabla mwezi haujaisha Sake nayo ikawa imekwenda, na Goma yenyewe. Machi mwaka huohuo wapiganaji waliingia Walikale-kati, wakakaa wiki mbili hivi, wakatoka. Tangu hapo swali limekuwa likiulizwa bila kificho: sanaa hii yote ilifanya nini?

Wanaojibu hawasikilizani. Wapo wanaosema fedha zilitupwa, kwamba mtu anayelala chini ya turubai alihitaji unga na maharage, si mchezo wa kuigiza. Wapo wanaosema bila sanaa hali ingekuwa mbaya zaidi, dai ambalo halina namna ya kupimwa. Na wapo wasanii wanaochukizwa na swali lenyewe: wimbo hauulizwi matokeo, wanasema, kama inavyoulizwa chanjo.

Sehemu kubwa ya mkanganyiko huu inatokana na jina. Tunaposema sanaa ya kijamii tunaweka katika kapu moja kazi ambazo hazifanani. Kuna sanaa inayopeleka ujumbe kwa wanakijiji ili wabadili mwenendo wao. Kuna sanaa inayochukua habari za wanakijiji na kuzipeleka mbali, kwa watu wenye uwezo wa kuamua. Na kuna sanaa ambayo wenyeji wanaifanya kwa ajili yao, kwa maneno yao, bila kuagizwa na mtu. Kila moja ina mtazamaji wake, na mtazamaji ndiye anayeamua kinachoweza kubadilika.

Ugomvi wenyewe unahusu nini

Huwezi kupima dawa bila kujua ugonjwa. Kati ya mwaka 1937 na 1955 utawala wa Kibelgiji uliwahamisha takribani watu 85,000 kutoka Rwanda na kuwaweka hasa katika milima ya Masisi, ili wafanye kazi katika mashamba ya walowezi. Ardhi ile ilikuwa na wenyewe, Wahunde, chini ya bami, watawala wao wa jadi. Wageni walipewa mashamba, na kwa muda wakapewa hata eneo lao la utawala huko Gishari, ambalo lilifutwa mwaka 1957. Mwaka 1972 sheria ya Zaire iliwapa uraia watu wenye asili ya Rwanda na Burundi waliokuwa wakiishi Kivu kabla ya mwaka 1960. Mwaka 1981 sheria nyingine ikaupokonya. Mtu alilala raia akaamka mgeni, juu ya shamba lilelile.

Katikati ya sheria hizo mbili ilikuja ile ya ardhi ya mwaka 1973. Ilitangaza kuwa ardhi yote ni mali ya dola, na kuhusu ardhi ya kimila ikasema haki zake zitapangwa baadaye kwa amri ya rais. Miongo ikapita bila amri hiyo kutoka. Waliokuwa na fedha na marafiki Kinshasa walichukua mashamba ya Wabelgiji yaliyotaifishwa, wakaongeza na ya majirani, na vilima vikageuka malisho ya ng'ombe. Mkulima asiye na shamba akabaki kuomba kipande kwa mwenye ranchi na kukilipia kwa siku za kazi, mfumo ambao Masisi umepewa jina la salongo, jina lilelile la kazi ya pamoja enzi za Mobutu.

Machi 1993 watu walishambuliwa sokoni Ntoto, wilayani Walikale. Moto uliowaka pale ulivuka hadi Masisi, maelfu wakauawa na zaidi ya laki mbili wakakimbia makwao. Hiyo ilikuwa mwaka mzima kabla ya mauaji ya kimbari ya Rwanda na kabla ya wakimbizi wake kuvuka mpaka. Ni tarehe inayofaa kukumbukwa kila mtu anaposema vita vya Kivu vililetwa vyote kutoka nje.

Halafu yakaja mawe. Bisie, ndani ya msitu wa Walikale, kasiteriti, mawe yanayotoa bati, iligunduliwa mwaka 2002, na kwa miaka mingi wanaume waliibeba mgongoni wakipita msituni hadi barabarani, ambako ndege ndogo zilitua juu ya lami pale Kilambo na kuisafirisha hadi Goma. Leo mgodi wa kampuni ya Alphamin uliopo Bisie hutoa karibu asilimia 6 ya bati la dunia. Rubaya, wilayani Masisi, koltani yake, mawe yanayotoa tantalamu, inakadiriwa kufikia asilimia 15 ya tantalamu ya dunia, na tangu mwisho wa Aprili 2024 machimbo hayo yako chini ya M23.

Ardhi, uraia, madini. Hivi ndivyo vitu vinavyogombaniwa, na vyote vitatu vina karatasi, muhuri na mtu wa kutia saini. Nitarudi kwenye jambo hili, kwa sababu michezo mingi ya amani imeandikwa kana kwamba tatizo ni majirani kutopendana.

Mchezo sokoni

Kazi iliyoenea zaidi ni maigizo shirikishi. Njia yenyewe ilitoka mbali: Augusto Boal wa Brazili aliianza Amerika ya Kusini katika miaka ya 1970, akitaka mtazamaji aache kuwa mtazamaji tu. Afrika Mashariki ilikuwa na watu wake wa kazi hii. Penina Mlama na wenzake wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam waliifanyia kazi vijijini tangu miaka ya 1980, Malya na kwingineko. Mashariki mwa Kongo njia hii ilisambazwa zaidi na shirika la Search for Common Ground, lililofika nchini mwaka 2001 na kuanzisha Centre Lokole.

Inavyofanyika ni hivi. Waigizaji wanafika siku moja au mbili kabla. Wanakaa kwenye vibanda vya chai, kisimani, kanisani, wanauliza watu wanagombania nini. Jioni wanatunga. Siku ya soko wanachora duara kwa mguu, wanapiga ngoma, watoto wanatangulia kukaa mbele. Mchezo unaanza: ng'ombe wameingia kwenye shamba la maharage. Mwenye shamba ameshika jembe, mchungaji ameshika fimbo, kila mmoja anamwita mwenzake kwa jina la kabila. Sauti zinapanda, jembe linainuliwa, na hapohapo mwongozaji anapiga kofi na kuwasimamisha wote kama sanamu. Anawageukia watu: nani angefanya tofauti? Kuna kimya, kuna kicheko. Kisha mama mmoja anaingia duarani, anampokonya mwigizaji jembe, na kuucheza upya mchezo kwa akili yake.

Uzuri wa dakika ile hauhitaji kutiwa chumvi. Mama huyo amesema mbele ya soko zima jambo ambalo angelisema peke yake lingemletea balaa; amelisema kwa kinywa cha mtu wa mchezoni. Waliocheka pamoja wa makabila mawili wameonana wakicheka. Na kuna mambo ambayo njia hii inayabadilisha kweli. Mfano ni ubakaji. Kuanzia tarehe 30 Julai hadi 2 Agosti 2010, watu wa Luvungi na vijiji jirani wilayani Walikale walivamiwa na makundi yenye silaha, na watu wasiopungua 387 wakabakwa. Baada ya unyama kama huo huja unyama wa pili, wa nyumbani: mume kumfukuza mke, familia kumficha binti, watoto wa shule kumcheka mwenzao. Huu wa pili uko mikononi mwa walewale waliokaa kuzunguka duara. Mume akiona mchezo na kumrudisha mkewe ndani, hahitaji ruhusa ya gavana. Ndivyo ilivyo pia kwa kijana anayerudi kutoka msituni alikokuwa kadogo, yaani askari mtoto, na kwa kijiji kinachoamua kama atapewa jembe au mgongo.

Bunduki iliyofanya ya Luvungi ilihitaji kitu kingine. Ntabo Ntaberi Sheka, mkuu wa kundi mojawapo, alihukumiwa kifungo cha maisha na mahakama ya kijeshi Goma mnamo Novemba 2020, miaka kumi baadaye, baada ya mashahidi kusimama na kusema. Kazi hiyo haikuwa ya maigizo, na si haki kuyalaumu kwa kutoifanya.

Lawama yangu iko kwingine. Mchezo wa ng'ombe na maharage huishia kwa kawaida na watu wawili kupeana mikono. Mwenye ng'ombe halisi hayupo. Yuko Goma, au Kinshasa, na hati ya shamba iko kabatini kwake. Mchungaji ni kibarua na mkulima ni kibarua. Wanaambiwa wapatane kuhusu mali ambayo si ya yeyote kati yao. Mada nayo mara nyingi imechaguliwa kabla waigizaji hawajapanda gari, kwa sababu mradi una miezi yake na taarifa yake, na wenyeji wanayajua mashirika haya, ONG kama wanavyoyaita, kwa posho kuliko kwa majina. Kikundi kilichokuja kwa msimu mmoja hakirudi kuuliza kama maharage ya msimu wa pili yaliliwa.

Kumbuka Kesho na somo lake chungu

Kuna utafiti mmoja ambao kila mwenye kupanga kazi ya sanaa Kivu anapaswa kuujua. Mwanasaikolojia Elizabeth Levy Paluck alikwisha kuchunguza nchini Rwanda tamthilia ya redio iitwayo Musekeweya, ya shirika la Radio La Benevolencija. Aliona kwamba wasikilizaji hawakubadili sana imani zao binafsi, ila walibadili mawazo yao kuhusu kile ambacho jamii inakubali: kwamba inafaa kumpinga mkubwa, kwamba si aibu kuzungumzia kuaminiana. Ni ushindi usio mdogo.

Baadaye alikuja mashariki mwa Kongo, ambako shirika hilohilo lilirusha tamthilia ya Kumbuka Kesho. Katika maeneo fulani, yaliyochaguliwa kwa kura, tamthilia ilifuatiwa na kipindi cha mazungumzo kilichowahimiza wasikilizaji wajadili walichosikia. Kwingine tamthilia ilipita peke yake. Matokeo aliyoyachapisha mwaka 2010 yalikuwa kinyume cha matumaini. Waliohimizwa kujadili walijadili kweli, lakini walitoka wakiwa na uvumilivu mdogo zaidi, wakiyakumbuka madhila yao kwa ukali zaidi, na wakiwa wagumu zaidi kumsaidia mtu wa kundi wasilolipenda.

Ninalisoma jambo hili hivi: mazungumzo yalifungua kidonda na hakukuwa na mtu wa kukifunga. Mtu akikumbushwa kwamba babu yake alinyang'anywa kilima, kisha redio ikazimwa, anabaki na kilima kichwani. Rwanda kulikuwa na dola yenye nguvu, inayosimamia, kwa uzuri na kwa ubaya, nini kinasemwa na nini hakisemwi. Kivu haikuwa na kitu cha namna hiyo. Tamthilia ya namna ileile ya kupatanisha, ikitua kwenye udongo tofauti, huota kitu tofauti. Hii haina maana kwamba watu wanyamaze. Ina maana kwamba anayefungua mjadala huko Masisi amechukua dhamana, na dhamana hiyo ina muda mrefu kuliko mkataba wa mradi.

Milima ya waridi na mahakama ya jukwaani

Kundi la pili la kazi humlenga mtu aliye mbali. Mfano uliojulikana zaidi ni wa Richard Mosse, mpiga picha wa Ireland, aliyepiga picha Kivu akitumia filamu ya Kodak iitwayo Aerochrome. Filamu hiyo ilibuniwa kwa kazi za kijeshi, kumfichua adui aliyejificha chini ya majani, kwa kuwa majani mabichi hurudisha mwanga usioonekana kwa jicho na filamu huugeuza kuwa mwekundu. Malisho ya Masisi yakatoka rangi ya waridi. Wapiganaji wakasimama ndani ya nyasi nyekundu kama ndotoni. Kazi yake ya skrini sita, The Enclave, iliiwakilisha Ireland kwenye maonyesho ya Venice mwaka 2013, na mwaka uliofuata alipata tuzo ya upigaji picha ya Deutsche Börse.

Wanaomtetea wana hoja: dunia ilikuwa imechoka kuona picha za kawaida za Kongo, na rangi ile ilimlazimisha mtu kusimama. Pia kuna ukweli ndani ya mbinu: vita visivyoonekana vimepigwa picha kwa filamu ionayo visivyoonekana. Lakini mtu wa Masisi hayumo kwenye hesabu hii isipokuwa kama mandhari. Hakuna njia ya yeye kuingia duarani na kumpokonya mwigizaji jembe. Naiheshimu kazi ile kama sanaa. Kuiita sanaa ya mabadiliko ya jamii ni kulinyoosha neno hadi likatike.

Milo Rau, mkurugenzi wa maigizo kutoka Uswisi, alijaribu njia ngumu zaidi. Tarehe 29 hadi 31 Mei 2015, katika Collège Alfajiri mjini Bukavu, aliunda mahakama: wanasheria halisi, mashahidi halisi, kesi halisi, ila hukumu isiyo na nguvu ya kisheria. Sehemu ya pili ilifanyika Berlin mwezi Juni, na filamu ya The Congo Tribunal ikatoka mwaka 2017. Moja ya kesi zake ilikuwa ya Bisie: wachimbaji wadogo waliokuwa wakila kutokana na mlima ule, na kampuni iliyopewa haki ya kuuchimba.

Hapa kuna tofauti kubwa na mchezo wa sokoni. Kwa siku tatu watu wenye vyeo waliketi jukwaa moja na mchimba madini, wakaulizwa maswali mbele ya umma, na ikawabidi wajibu. Ilikuwa maigizo, na kila mtu alijua ni maigizo, lakini aibu ilikuwa ya kweli. Kasoro yake inajulikana pia: ilibuniwa na mtu wa nje, ikafanyika Bukavu, mbali sana na Bisie kwa njia za huko, na ilipokwisha kila mmoja akarudi kwake. Mgodi ulianza uzalishaji mwaka 2019. Hata hivyo ndiyo kazi iliyokaribia zaidi kiini cha ugomvi, na sababu ni kwamba ilimweka kwenye kiti mtu mwenye muhuri.

Wenyewe kushika kamera

Goma yenyewe imekuwa na watu waliokataa kazi zote mbili nilizozieleza. Petna Ndaliko Katondolo alianzisha Yole!Africa, kituo kilichowafundisha vijana filamu, densi na muziki, na ambacho kilizaa tamasha la filamu la kila mwaka mjini humo. Filamu yake Jazz Mama ya mwaka 2010 ilikataa kumwonyesha mwanamke wa Kongo kama mhanga tu. Chérie Rivers Ndaliko, aliyefanya kazi katika kituo hicho, aliandika kitabu Necessary Noise mwaka 2016, na hoja yake inauma: fedha za misaada zinapoagiza wimbo, zinaagiza pia maneno, na msanii kijana anajifunza kuomba kwa ala badala ya kusema kwa ala.

Hoja hiyo naikubali, kwa sababu mtu anaweza kuisikia masikioni. Nyimbo zilizolipiwa na miradi hufanana. Zina ubeti wa mateso, ubeti wa umoja, kiitikio cha amani, na hakuna mwenye ranchi, kamanda wala afisa wa ardhi anayetajwa kwa jina.

Ila uhuru nao una gharama zake. Kituo kisichopokea maagizo hukosa pia mafuta ya jenereta. Goma si Masisi: kijana wa Nyabiondo au wa Pinga hafiki kwenye darasa la filamu la mjini, na barabara mara nyingi imefungwa na watu wenye bunduki. Kisha kuna gharama ya damu. Ngũgĩ wa Thiong'o na wanakijiji wa Kamĩrĩĩthũ, karibu na Limuru, walicheza mchezo wao kwa Kigikuyu mwaka 1977, juu ya ardhi na wenye nacho. Ukapigwa marufuku baada ya wiki chache, Ngũgĩ akawekwa kizuizini mwishoni mwa mwaka, na mwaka 1982 ukumbi wao ukabomolewa. Kwetu Kivu, mwimbaji Delcat Idengo, aliyekwisha kufungwa na serikali kwa ajili ya nyimbo zake, alitoka gerezani Goma ilipoanguka. Alipigwa risasi akafa mjini humo tarehe 13 Februari 2025 alipokuwa akirekodi video. Mtu anayewashauri wasanii wa Masisi waseme majina lazima awe na tarehe hiyo akilini.

Karisi

Katika mijadala hii yote, sanaa ya kijamii huzungumzwa kama kitu kilichoingizwa Kivu kwa ndege. Walikale ilikuwa na yake kabla ya mashirika.

Wanyanga wa Walikale wana utendi wa Mwindo, wa aina wanayoiita karisi. Mwaka 1956 mwanaanthropolojia Daniel Biebuyck, pamoja na Kahombo Mateene, Mnyanga aliyekuja kuwa msomi wa lugha, waliurekodi kutoka kwa mtambaji wake, shekarisi Candi Rureke, kwa siku 12. Ukachapishwa California mwaka 1969. Shekarisi hakuketi akasimulia. Alicheza, ameshika njuga ya kibuyu mkono mmoja na usinga mkononi mwingine, huku vijana wakigonga fimbo nene iliyolazwa chini. Wasikilizaji waliitikia, wakamtia moyo, wakamtupia zawadi ndogondogo. Kwa kawaida hakuna aliyesikia utendi mzima: watu walitaka kipande fulani usiku fulani, na shekarisi akakitoa.

Kisa chenyewe ni cha baba aliyeamuru azaliwe mabinti watupu, akazaliwa Mwindo, akajaribu kumuua mtoto. Mwindo anakua, anarudi, anauangamiza mji wa baba yake na kumfuata hadi kuzimu. Mwisho wa msako huo ndio unaotuhusu. Baba na mwana wanarudi, waliokufa wanafufuliwa, watu wote wanakusanywa, na baba anasimama mbele yao na kukiri alichofanya. Kisha anaachia utawala. Hata hivyo Mwindo naye hatoki bila kuadhibiwa: kwa kiburi chake anachukuliwa hadi angani, anateswa kwa baridi na jua, na anarudi amefundishwa mipaka yake.

Kuna kukiri hadharani, kuna kitu kinachorudishwa, na kuna mshindi anayewekewa kikomo. Michezo mingi ya amani niliyoieleza imeyaruka yote matatu na kukimbilia kupeana mikono. Sidai kwamba utendi wa Wanyanga unaweza kuchukuliwa ulivyo na kuchezwa Masisi, ambako Wahunde, Wahutu, Watutsi na Watembo wana sanaa zao, na ambako kumtukuza shujaa wa kabila moja kunaweza kuwasha moto. Ninachosema ni kwamba mtu wa Walikale hahitaji kufundishwa na mwezeshaji kwamba upatanisho unahusu mali na madaraka.

Tukipima

Nikiweka kazi hizi kwenye mizani, naona mambo mawili yanayozitenganisha kuliko mengine.

La kwanza ni kama aliyeketi kutazama ndiye mwenye uwezo wa kubadili kinachochezwa. Mke aliyebakwa kurudishwa nyumbani, kijana kupokelewa, wanawake kusemea urithi ndani ya ukoo: hapa maigizo ya sokoni yanastahili fedha na heshima, na wanaoyadharau hawajui yanachofanya. Hati ya ranchi, kibali cha mgodi, kizuizi cha barabarani: hapa soko halina uwezo, na kulichezea mchezo wa kupatana ni kumbebesha mnyonge mzigo wa mwenye nguvu.

La pili ni muda. Somo la Kumbuka Kesho linaonyesha kwamba kufungua mjadala na kuondoka kunaweza kuharibu. Afadhali kikundi kimoja kinachorudi vijiji vitano kwa miaka mitano kuliko kimoja kinachopita vijiji hamsini kwa msimu mmoja, hata kama taarifa ya pili inasomeka vizuri zaidi. Bei yake ni kwamba vijiji arubaini na vitano havitaona mchezo, na mfadhili atauliza kwa nini. Ni bei ninayoikubali.

Kuhusu wasanii wanaotaka kusema majina, ninasita. Ukimya unawasaidia walionyang'anya, lakini aliyeko London au Nairobi hana haki ya kuamuru ushujaa wa aliyeko Rubaya. Hapo utendi na ngano zina faida ambayo wimbo wa moja kwa moja hauna: baba wa Mwindo anaweza kusemwa usiku kucha, na kila msikilizaji anajua mwenyewe ni nani.

Februari 2025 watu waliokuwa kwenye kambi za wakimbizi pembezoni mwa Goma walipewa siku chache wahame. Wengi walirudi Masisi kwa miguu, wamebeba magodoro, na wapo waliokuta nyumba zimebomolewa na mashamba yanalimwa na wengine. Ugomvi wa msimu ujao umekwisha kupandwa, chini ya watawala wa bunduki ambao kesho wanaweza kuwa wengine. Kikundi cha maigizo kitakachofika huko kitachora duara lake kwa mguu kama siku zote, na watoto watatangulia kukaa mbele. Kije na mwandishi mwenye daftari, aandike kila kilima kinachotajwa, nani alilima kabla, nani analima sasa, na nakala ibaki na wazee wa pande zote. Na kwenye safu ya kwanza kiwekwe kiti cha afisa wa ardhi, kila wanapocheza, hata kama hakuna anayekikalia.